Kilio cha Dylbere

Wanaosema Nazo Lamaj alikuwa mwanamke mkali hawakuwapo kwenye uwanja wa kijiji cha Gurbardhi ile Mei Mosi, kipaza sauti cha ushirika kilipopiga wimbo mpya kutoka mji mkuu, Tirana.

Wimbo uliitwa "Trekta Zashuka Bondeni". Mtangazaji alisema umepata tuzo ya kwanza mwaka huo, na kwamba mtunzi wake, Ndugu Refat Lamaj, mtafiti wa nyimbo za wananchi, ni mzaliwa wa milima yetu. Watu wote wakamgeukia Nazo. Wanawake wa brigedi ya mizeituni wakamsukuma mbele kwa mabega, wakicheka, kama wanavyomsukuma bibi harusi. Mwenyekiti wa ushirika akamshika mkono, asiuachie. Nazo aliona haya. Akakaza kitambaa chake cheusi kichwani, kwa sababu hakuwahi kumsikia mwanawe redioni.

Tarumbeta zikaanza, kwaya ikafuata. Watu wakapiga makofi kwa mwendo wa wimbo. Mstari wa kwanza na wa pili Nazo alikuwa anatabasamu. Mstari wa tatu sauti za wanawake zikapanda, zikakaa juu kidogo, kisha zikaanguka hatua tatu kama mtu aliyekosa ngazi gizani. Tabasamu lilibaki usoni mwake, lakini halikuwa na mtu ndani.

"Dylbere," alisema.

"Unasemaje, mama?" aliuliza Merushe, mke wa Hysni, mwana mdogo wa Nazo.

"Wanampigia Dylbere makofi."

Akauchomoa mkono wake mkononi mwa mwenyekiti, akageuka, akapita katikati ya watu. Merushe alimkimbilia huku akiwachekea watu kushoto na kulia, kama mtu anayefuta maji yaliyomwagika mbele ya wageni.

"Mama, rudi basi. Watu wanatazama."

"Watazame. Si wamekuja kutazama?"

Gurbardhi nzima ilijua Dylbere, binti wa Nazo, alikufaje. Alikuwa na miaka kumi na tisa. Baruti ya kuvunja mawe kule kilimani, tulipokuwa tukikata matuta ya mizeituni, ililipuliwa kabla wasichana hawajashuka. Katibu wa Chama alisema amekufa mstari wa mbele wa kazi, na shujaa wa kazi haliliwi. Kwa hiyo siku ya maziko tulisimama midomo imefungwa, tukasikiliza hotuba. Ilipofika arobaini ndipo Nazo alipomlilia, nyuma ya nyumba, kwenye mizinga ya nyuki, akiwa na wifi yake Xhevo na wanawake saba waliomshikia iso. Iso ni ile sauti moja ya chini isiyokatika, inayoshikwa na wengi ili mmoja apate pa kusimama. Refat naye alikuwapo, ameegemea ukuta na daftari lake. Nazo aliona penseli inakwenda. Alidhani anamwandikia dada yake barua.

Kwetu kila maiti ana sauti yake. Mama akishaipata ile sauti ya kumlilia mtoto, ni ya mtoto yule. Haiimbwi harusini, haiimbwi shambani, wala jirani haiazimi.

*

Refat alikuja wiki mbili baadaye, na redio ndani ya boksi. Alikuwa amenenepa kidogo, amevaa koti la kijivu lenye penseli mbili mfukoni. Njiani watoto wa shule walimsimamisha, wakamwimbia wimbo wake mwenyewe. Aliwasahihisha pale walipochelewa kuingia, akaingia nyumbani anacheka.

Nazo alimpikia kahawa yeye mwenyewe, akamwekea mbele kwa mikono miwili. Refat akanywa funda moja, akasita. Haikuwa na sukari. Kahawa chungu kwetu hunywewa palipofiwa tu.

"Mama, nani amekufa?"

"Kunywa."

"Mama, nimekuuliza."

"Umekuja msibani, unakunywa kahawa ya msiba. Mara ile hukunywa. Ulikuwa unaandika."

Hysni alikohoa. Yeye alikuwa dereva wa trekta wa ushirika, na tangu Mei Mosi wenzake walikuwa wakimpigia mluzi wa wimbo ule kila akiwasha injini. Refat akamtazama, naye akakitazama kiatu chake.

"Ni hilo la wimbo?" alisema Refat. Aliweka kikombe chini taratibu. "Mama, ule si kilio tena. Nimebadilisha mapigo, nimebadilisha maneno, nimeweka tarumbeta. Ndiyo kazi ya mtunzi. Anachukua jiwe la watu, anajengea nyumba ya watu."

"Umechukua jiwe la kaburi."

"Hakuna atakayejua."

"Mimi najua. Xhevo anajua. Wanawake saba walioshika iso wanajua. Na huyu ndugu yako anajua, ndiyo maana kiatu chake leo kina mambo mengi ya kutazamwa."

"Mimi usinitie, mama," alisema Hysni.

"Wewe ulishajitoa zamani. Refat, lile daftari unalo?"

Alikuwa nalo. Alikuwa nalo siku zote. Alilichukua huku na huko kama wengine wanavyochukua picha ya mchumba. Nazo alilitwaa, akampa Merushe, aliyekuwa amesoma mpaka darasa la nane.

"Nisomee mahali pangu."

Merushe alifungua kurasa, akatafuta tarehe. Zilikuwapo alama nyingi kama nyayo za kuku, na juu yake maandishi. Alimtazama shemeji yake kabla ya kuanza.

"Soma, wewe. Hakuna nyoka humo."

"Nambari mia mbili na kumi na mbili. Kilio. Mwimbaji: mwanamke, mkulima, miaka hamsini na moja, hajasoma."

"Endelea."

"Basi, mama. Imeishia hapo."

"Jina?"

"Hakuna."

"Wa Dylbere?"

"Hakuna, mama."

Refat alisimama. "Nililinda nyumba hii! Ningeandika jina, mtu angesoma, angeuliza kwa nini huyu mama amemlilia shujaa wa kazi mafichoni. Ningeandika jina, Hysni asingepewa trekta."

"Hajasoma," alisema Nazo. "Hilo hukulisahau."

Nje kuku alikuwa akiparua ndani ya boksi tupu la redio.

Nazo alipozungumza tena, sauti yake ilikuwa ya kawaida, kama anayemtuma mtu chumvi. "Mimi nina umri wangu. Nikifa, Xhevo atanililia kwa sauti ya Dylbere. Tumeshapatana. Mtoto akiisikia atajua ni mimi ninayekuja, maana huko hanijui nikoje sasa, nimezeeka. Sina jingine ninalolitaka kwako. Redio yako irudishe. Nenda kawaambie waache kuiimba."

"Mama, kuwaambia ni kukiri."

"Kukiri nini? Kwamba dada yako alikufa? Kwani hakufa?"

*

Huko Tirana, Ermioni, mke wa Refat, alimsikiliza mpaka mwisho akiwa amesimama jikoni na kisu cha vitunguu. Alikuwa mwalimu wa piano, mwanamke wa mji wa Korça, mtu wa maneno machache.

"Utawaambia nini?"

"Ukweli."

"Ukweli kwamba umewaimbisha wananchi kilio, Mei Mosi, nchi nzima, na waliokupa tuzo hawakujua tofauti. Hiyo ndiyo habari utakayowapelekea." Akakata kitunguu kimoja. "Unakumbuka yule mwenzako aliyeweka tarumbeta moja ya mtindo wa mabepari kwenye wimbo wake? Yuko wapi sasa? Anafundisha kwaya ya wachimba madini. Na mkewe? Na wale watoto?"

"Ni mama yangu, Ermioni."

"Najua ni mama yako. Mimi nakuuliza siku ulipokuwa unaandika tarumbeta alikuwa nani."

Alikwenda hata hivyo. Ndugu Kleanth wa idara ya muziki alimpokea vizuri, akamsogezea sigara. Refat alisema angependa kuuondoa wimbo kwa muda, kuufanyia marekebisho, pengine kuweka sauti mpya kabisa.

"Sauti mpya?" Ndugu Kleanth alicheka. "Mimi ile naiimba nikinyoa ndevu. Mke wangu ananiambia Kleanth, utajikata. Ina kasoro gani?"

"Ni mstari wa tatu hasa. Naona una… una uzito."

"Ndio mtamu wenyewe! Unapanda, halafu ta, ta, ta. Niliwaambia wenzangu, hapa ndipo trekta inapoinama bondeni. Ulipata wapi kitu kama kile?"

Hapo palikuwa na mlango, na Refat aliuona umefunguliwa. Moshi wa sigara ulipanda. Alikumbuka mizinga ya nyuki. Alikumbuka pia macho ya binti yake mdogo, aliyekuwa ameanza shule ya muziki mwezi ule.

"Nimeutunga," alisema.

"Basi tatizo liko wapi? Au unataka kuniambia tumekupa tuzo kwa kilio cha kizee fulani huko milimani?" Ndugu Kleanth alicheka kwa nguvu, huku macho yake yametulia kabisa juu ya uso wa Refat.

Refat naye alicheka. Alicheka kama alivyochekewa, kwa kipimo kile kile, na alipokuwa anashuka ngazi bado mashavu yalikuwa yanamuuma.

Usiku huo alimwandikia mama yake kwamba mambo yanakwenda, kwamba vitu hivi vina taratibu zake, kwamba kidogo kidogo wimbo utaachwa. Merushe aliisoma barua kwa sauti. Nazo alisikiliza, akaiomba, akaikunja mara nne, akaizibia ufa wa dirisha ulipokuwa unapitisha upepo.

*

Wimbo haukuachwa. Uliingia kwenye kitabu cha shule. Kila asubuhi brigedi ya mizeituni ilipanda kilimani nao, kwa sababu kiongozi wa brigedi alisema hatua zinakwenda pamoja. Wanawake saba walioshika iso walikuwamo. Mwanzoni waliupita mstari wa tatu midomo imefungwa, wakiangalia chini. Kisha kiongozi akauliza kwa nini hawa wananyamaza, wana lao jambo? Wakaanza kuimba. Mwaka wa kwanza waliimba kwa aibu, wa pili kwa mazoea. Baadaye hawakusikia tena wanaimba nini. Mtu anayepanda mlima na jembe begani, tumbo lina kipande cha mkate wa mahindi, hana nguvu ya kusikiliza mdomo wake.

Nazo aliacha kupita uwanjani. Alizunguka kwa njia ya mbuzi, na magoti yake mabovu, nusu saa zaidi. Xhevo tu ndiye aliyekwenda naye. Xhevo alikuwa mjane, dada wa marehemu mume wa Nazo, mrefu, mwenye sauti iliyosikika ng'ambo ya korongo, na hakuwahi kujiunga na brigedi kwa sababu ya jicho lake moja.

Asubuhi moja Merushe alikuwa anakanda unga. Unga wa ngano ulikuwa wa mgao, mwisho wa mwezi, na ule ulikuwa wa mwisho ndani ya nyumba. Alikanda kwa mikono miwili, akiegemea mbele na kurudi, na bila kujua akawa anaimba puani ule mstari wa tatu.

Nazo alitoka chumbani. Hakupiga kelele. Alichukua lile sinia la mbao pamoja na unga, akatoka nalo mpaka uani, akalipindua mbele ya kuku.

"Mama!" Merushe alilia. "Watoto watakula nini?"

"Watakula trekta."

"Nimekosa nini?"

Nazo alimtazama mkwewe, akaona kwamba kweli hajui. Hilo ndilo lililomkalisha chini. Alikaa kwenye kizingiti akiwa ameshika sinia tupu mapajani mpaka mchana. Jioni alikwenda kwa Xhevo kuomba unga, na jambo hilo, kuomba, lilimgharimu zaidi ya unga.

"Xhevo, bado unaikumbuka?"

"Ninayo."

"Niimbie."

"Hakuna aliyekufa, Nazo. Nani analia pasipo maiti? Tutajiletea msiba."

"Basi usiisahau."

"Nimekwambia ninayo."

*

Nazo alifariki Februari, asubuhi, akiwa anawasha jiko. Refat alifika kesho yake kwa lori la posta. Wanaume walikuwa wamesimama uani wakivuta sigara. Walimpa mkono mmoja mmoja wakimwambia, "Mbaki salama ninyi." Akapewa kahawa chungu. Safari hii aliinywa yote.

Ndani, wanawake walikuwa wameketi kumzunguka Nazo, aliyelazwa sakafuni juu ya zulia, mikono kifuani, kitambaa kipya. Katibu wa Chama alikuwa mwingine, kijana, na alikuwa amekwenda wilayani makusudi ili asiwepo. Hapakuwa na wa kukataza.

Xhevo alipiga magoti kichwani pa maiti, akaweka viganja juu ya magoti yake. Wale saba, sasa watano, wakaanza iso. Sauti ikajaa chumba kama maji yanavyojaa kisimani, taratibu, kutoka chini. Xhevo akafumba jicho lake zima, akaanza.

"Nazo, inuka, binti yako yuko mlangoni…"

Mstari wa kwanza ulikwenda vizuri. Wa pili pia. Uani wanaume walivua kofia. Kwenye mstari wa tatu Xhevo alipanda, na alipofika juu, mahali pa kukaa, iso chini yake ikaanza kukatika. Moja, mbili. Moja, mbili. Hakuna aliyekusudia. Wanawake walikuwa wanayumba, na kuyumba kwao kulikuwa kwa kupanda mlima. Merushe, uso umelowa machozi, machozi ya kweli, alifungua kinywa kumsaidia shangazi Xhevo, na kilichotoka ni "…zashuka bondeni."

Kila kitu kikasimama.

Merushe alijiziba mdomo kwa mikono yote miwili.

"Tena," alisema Xhevo.

Wakaanza tena. Xhevo alipofika juu, safari hii ni yeye mwenyewe aliyeteleza. Sauti yake haikukaa. Ilianguka mapema, hatua tatu za haraka, ta, ta, ta. Yeye ambaye hakuwahi kupanda kilimani na brigedi alikuwa amekisikia kipaza sauti kikiipiga miaka mitano, kupitia ukutani.

Akautazama uso wa Nazo kwa muda mrefu.

"Shangazi, imba nyingine," alinong'ona mmoja. "Ziko nyingi."

"Aliomba hii." Xhevo aligeuza kichwa. "Mwiteni Refat."

Wanaume hawaingii chumba cha vilio. Refat alisimama kizingitini, kofia mkononi.

"Mwanangu," alisema Xhevo, "wewe unazijua nyimbo za Albania nzima. Wanasema una elfu tatu kwenye madaftari. Sikuombi elfu tatu. Ilikuwaje, hii, kabla yako?"

"Shangazi, daftari liko Tirana."

"Mimi sijasoma, daftari sina shida nalo. Niimbie. Hapo mlangoni. Polepole. Mimi nitaipokea."

Refat alilamba midomo. Alifumba macho akatafuta mizinga ya nyuki, ukuta, penseli inayokwenda. Aliona alama zote mahali pake, kila noti, urefu wake, hata ile robo ya sauti aliyojivunia kuikamata. Alifungua kinywa. Wanawake wakangoja. Kabla sauti haijatoka, mguu wake wa kulia ulikuwa umeshaanza kugonga mbao za sakafu. Moja, mbili. Moja, mbili.

Wote waliusikia. Yeye alikuwa wa mwisho kuusikia.

"Basi," alisema Xhevo. "Toka, mwanangu. Toka, tusiseme mengi mbele yake."

Alifunga kitambaa cha Nazo upya chini ya kidevu, kama anayemwandaa mtoto kwa baridi. Kisha akawaambia wenzake, "Shikeni iso."

"Na nani juu?"

"Hakuna juu. Shikeni."

Wakashika. Wanaume waliingia wakambeba Nazo, Hysni na Refat mbele. Wanawake walitoka nyuma yao mpaka langoni, wakasimama pale na sauti ile moja, nzito, iliyonyooka, isiyobeba kitu. Jeneza lilishuka njia ya mawe. Kwenye kona ya mtini waliliweka chini kubadilishana mabega, na hapo Refat akageuka nyuma.

Miaka ishirini alikuwa amezunguka vijiji kusikiliza. Hakuwahi kusikia iso ikiwa peke yake, mahali pa mwimbaji pamebaki wazi hivyo. Alisikiliza kichwa kimeinama upande, kama alivyozoea. Mkono ukapanda kifuani, ukaingia mfuko wa koti, ukatoka na penseli. Alipoiona, alishindwa kuirudisha.

Xhevo alikuwa amewafuata hatua chache nje ya lango. Jicho lake moja liliona mbali.

"Andika, Refat!" alimpigia kelele, na korongo zima likasikia. "Andika! Mwimbaji: hayupo."